Noeli ya Alsace au Noeli ya Provence: ulinganisho kwa anayepanga kula sikukuu Ufaransa

Kila ifikapo Oktoba, ndugu na marafiki zangu wanaoishi Ubelgiji, Uholanzi na Uingereza huniuliza swali lile lile: wakitaka kula sikukuu ya Noeli Ufaransa, waende wapi? Wengi huwa wameshaitaja Paris kabla sijajibu. Sina neno baya juu ya Paris. Taa zake za Desemba zinapendeza, na kwaya za makanisa yake makubwa huimba vizuri. Lakini mtu anayetafuta desturi yenye mizizi, yaani chakula kinacholiwa siku fulani kwa sababu fulani, na jambo ambalo bibi alilifanya na mjukuu bado analifanya, atayapata hayo kwa wingi zaidi katika mikoa miwili iliyo mbali na mji mkuu: Alsace, iliyo mashariki kando ya mto Rhine, mpakani na Ujerumani, na Provence, iliyo kusini-mashariki kando ya bahari ya Mediterania. Nimekula sikukuu huko kote zaidi ya mara moja katika miaka niliyoishi Lyon, na ninaandika ili anayepanga safari aamue akijua anachokichagua.

Tofauti iliyo kubwa kuliko zote, ambayo nyingine zinaifuata, ni hii: Noeli ya Alsace inaishi nje, barabarani na sokoni, na huchukua muda wote wa Majilio, Noeli ya Provence inaishi ndani, kwenye meza ya nyumbani, na ingawa nayo huanza mapema Desemba, uzito wake umewekwa katika usiku wa tarehe 24. Kwa hiyo mgeni asiye na mwenyeji atapokewa Alsace na soko lenyewe, ilhali Provence mgeni huyo huyo anaweza kupita katika mitaa mitupu usiku wa mkesha, akiona mwanga madirishani, asijue kuwa nyuma ya madirisha hayo kuna meza iliyotandikwa vitambaa vitatu vyeupe.

Usichohitaji kukifungia safari

Kuna vyakula vya Noeli vinavyopatikana karibu kila mahali Ufaransa, na ni vema kuvitoa kwanza katika mizani. Usiku wa tarehe 24 Wafaransa wengi hufanya karamu ndefu iitwayo réveillon, neno lenye maana ya kukesha. Huanza kwa chaza wabichi, ambao wengi hutoka Bretagne au Marennes-Oléron, na samoni aliyekaushwa kwa moshi. Hufuata foie gras, yaani ini la bata au bata bukini aliyenoneshwa. Kisha jogoo aliyehasiwa, au bata mzinga aliyejazwa marrons, zile njugu kubwa laini za misituni. Na mwisho keki ya bûche, inayoviringishwa na kupambwa ifanane na gogo la kuni. Vyote hivi utavikuta Strasbourg, Marseille na hata katika duka la kawaida la mtaani kwako. Kuhusu foie gras niseme jambo moja: ndege wake hulishwa kwa nguvu, na nchi kadhaa zimepiga marufuku ufugaji wa namna hiyo, kwa hiyo ukipisha sahani hiyo kwa upole, mwenyeji mwenye busara hataona kuwa umemdharau.

Alsace: wiki nne za kungoja

Soko la Noeli la Strasbourg linahesabiwa kuanzia mwaka 1570, na jina lake katika lugha ya wenyeji, Christkindelsmärik, maana yake ni soko la Mtoto Yesu. Jina hilo halikuja hivi hivi. Kabla yake palikuwa na soko la Mtakatifu Nikolao mwanzoni mwa Desemba, kwa sababu yeye ndiye aliyesemwa kuwa huwaletea watoto zawadi. Mji ulipokwisha kuingia katika Matengenezo ya Kiprotestanti, wahubiri walipinga heshima iliyotolewa kwa watakatifu, soko likasogezwa kuelekea Noeli, na watoto wakaambiwa kwamba zawadi zinatoka kwa Mtoto Yesu mwenyewe. Hata hivyo Mtakatifu Nikolao hakufukuzika. Hadi leo, tarehe 6 Desemba, watoto wa Alsace huamkia mannele, mkate laini wa maziwa na siagi ulioumbwa kama mtu mdogo mwenye macho ya zabibu kavu, wanaoula pamoja na chokoleti ya moto na chenza. Pembeni ya mtakatifu huyo mpole husimama Hans Trapp, mtu wa kutisha mwenye ndevu na mnyororo, ambaye inasemekana anatokana na Hans von Trotha, bwana wa ngome iliyokuwa karibu na Wissembourg katika karne ya 15. Mtoto wangu wa miaka minne alipomwona kwa mara ya kwanza alijificha ndani ya koti langu, na akakumbuka kusema asante kwa wiki nzima.

Mti wa Noeli nao unadaiwa na mkoa huu, na dai hilo lina karatasi. Katika mji mdogo wa Sélestat, maktaba ya kale iitwayo Bibliothèque Humaniste imehifadhi daftari la hesabu za mji la mwaka 1521, ambamo imeandikwa kuwa walinzi wa misitu walilipwa shilingi 4 ili wailinde miti kuanzia siku ya Mtakatifu Tomaso, tarehe 21 Desemba. Maana yake ni kwamba tayari watu walikuwa wakiingia msituni kukata miti kwa ajili ya sikukuu, kwa wingi uliotosha kuutia mji wasiwasi. Miti hiyo ilipambwa kwa matofaa mekundu, kumbukumbu ya tunda la Edeni, kwa kuwa tarehe 24 Desemba ilikuwa pia siku ya Adamu na Hawa. Husimuliwa kwamba mwaka 1858 ukame uliyanyima milima ya Vosges matofaa, na fundi mmoja wa kiwanda cha kioo akapuliza mipira ya kioo badala yake. Katika kijiji cha Meisenthal, ng'ambo kidogo ya mpaka wa Alsace, mafundi bado wanaipuliza mbele ya wageni, na kwa maoni yangu mpira mmoja uliopulizwa pale una thamani kuliko mfuko mzima wa mapambo ya sokoni.

Lakini kinachoitambulisha Desemba ya Alsace kuliko soko na mti ni bredele, biskuti ndogo ndogo ambazo kila nyumba huanza kuzioka mwishoni mwa Novemba, kuzijaza katika makopo ya bati na kuzigawa kwa majirani, walimu na wageni hadi sikukuu. Zipo za siagi, za mdalasini zilizokatwa kama nyota, za lozi, za maganda ya machungwa na za anisi. Mama mmoja wa kijiji kilicho karibu na Colmar alinifundisha hizi za anisi, na hapo ndipo nilipoelewa kwa nini watu hawa husema kuwa Majilio ni wakati wa kungoja. Alipiga mayai na sukari kwa muda mrefu, mpaka mchanganyiko ukawa mweupe na mzito. Akatia unga na mbegu za anisi. Kisha akadondosha kijiko kimoja kimoja juu ya sinia iliyopakwa siagi. Nikadhani sasa ataoka. Hakuoka. Sinia ililala usiku kucha jikoni, mpaka uso wa kila tone ukakauka na kuwa kama ngozi nyembamba. Asubuhi, sinia ilipoingia katika oveni, ile ngozi haikupasuka. Unga uliokuwa chini yake ndio uliofura, ukaiinua juu, na kila biskuti ikasimama juu ya ukingo mdogo ambao wenyewe huuita mguu. Biskuti isiyoota mguu, mama yule aliniambia, imekosa subira ya mpishi. Nyumbani italiwa, lakini kwa jirani haipelekwi.

Sokoni kwenyewe mambo ni mengi, na si yote yenye asili ya hapo. Tafuta mkate wa asali na viungo, ambao kijiji cha Gertwiller kimejulikana nao kwa karne nyingi, na berawecka, mkate mweusi mzito uliosheheni matunda ya pea yaliyokaushwa, tini, zabibu kavu na jozi, unaokatwa vipande vyembamba sana. Divai ya moto yenye mdalasini, karafuu na maganda ya machungwa huuzwa kila hatua chache, na wasiotumia kileo hupewa maji ya matofaa ya moto yenye viungo hivyo hivyo. Harufu hiyo ya karafuu humgusa kila mtu wa pwani yetu, na kuna undugu wa kweli ndani yake, kwa sababu mikarafuu ilifika Unguja mwanzoni mwa karne ya 19 ikipitia visiwa vya Bahari ya Hindi ambako Wafaransa walikuwa wameipanda kabla. Strasbourg ndilo soko kubwa; Colmar ni dogo na rahisi kutembelea kwa miguu; Kaysersberg, kwa mwenye gari, ndiko ningeenda mimi kwa siku moja tu, hasa siku isiyo ya mwisho wa wiki.

Provence: meza moja, usiku mmoja

Huku mambo huanza kimya. Tarehe 4 Desemba, siku ya Mtakatifu Barbara, familia huotesha ngano katika visahani vitatu vilivyotandikwa pamba iliyoloweshwa. Kazi hiyo hupewa watoto. Ngano ikichipua ikiwa imenyooka na ya kijani kibichi, mwaka utakuwa wa neema, na wenyeji husema kwa lugha yao ya Kiprovence: Quand lou blad vèn bèn, tout vèn bèn, yaani ngano ikistawi, yote yanastawi. Visahani hivyo huwekwa mezani usiku wa mkesha, baadaye husogezwa kando ya pango la Noeli, na mwisho wengine huihamishia ngano hiyo shambani au bustanini.

Pango lenyewe ndilo fahari ya mkoa. Wakati wa Mapinduzi ya Ufaransa makanisa yalifungwa na mapango ya hadharani yakatoweka, hivyo watu wakayaingiza majumbani. Fundi wa Marseille, Jean-Louis Lagnel, aliyeishi kati ya 1764 na 1822, akaanza kutengeneza sanamu ndogo za udongo wa mfinyanzi kwa kutumia kalibu, jambo lililozifanya ziwe rahisi hata kwa maskini. Huitwa santons, yaani watakatifu wadogo. Ninachokipenda ni kwamba wengi wao si watakatifu hata kidogo: ni muuza samaki, msaga unga, mnoa visu, mwanamke aliyebeba kuni, mpiga ngoma, na yule anayeitwa ravi, mtu wa kawaida aliyeinua mikono yote miwili juu kwa mshangao na asiye na zawadi yoyote mkononi. Kijiji kizima cha Provence kinamwendea Mtoto Yesu na kazi zake. Mtoto mwenyewe huwekwa horini usiku wa manane wa tarehe 24, Mamajusi husogezwa kidogo kidogo mpaka wafike tarehe 6 Januari, na pango hukaa hadi tarehe 2 Februari. Marseille ina maonyesho ya santons tangu mwaka 1803, na mji wa Aubagne, ulio karibu, umejaa karakana ambamo utamwona fundi akipaka rangi kofia isiyozidi ukubwa wa punje ya dengu.

Kisha unafika usiku wa mkesha na mlo uitwao gros souper, chakula kikuu cha jioni. Ni kikuu kwa heshima, kwa kuwa hakina nyama hata kipande. Huliwa kabla ya misa ya usiku wa manane, kwa hiyo ni mlo wa mfungo, na kwa desturi una sahani saba, ambazo huelezwa kuwa ni ukumbusho wa mateso saba ya Bikira Maria: samaki wa chumvi aitwaye morue, konokono, spinachi iliyookwa, selari inayochovywa katika mchuzi mzito wa dagaa wa chumvi na mafuta ya zeituni, dengu, supu ya kitunguu saumu, na mboga nyingine kufuatana na bustani ya nyumba. Meza hutandikwa vitambaa vyeupe vitatu, kimoja juu ya kingine, na huwashwa mishumaa mitatu, kwa ajili ya Utatu Mtakatifu. Huandaliwa sahani moja zaidi ya idadi ya watu: ni ya maskini atakayebisha hodi, na wengine husema ni ya marehemu wa nyumba. Baada ya kula makombo hayafagiliwi, kwa kuwa wazee waliamini kuwa roho za waliotangulia huja usiku kujipatia sehemu yao.

Mwaka wangu wa kwanza nilialikwa katika nyumba moja ya Aubagne ambayo bado ilikuwa na meko ya kuni. Kabla hatujakaa, babu wa nyumba, aliyekuwa amepita miaka 80, na mjukuu wake wa kike aliyekuwa mdogo kuliko wote, walishika pamoja gogo la mti wa matunda, yeye upande huu na mtoto upande ule, wakalizungusha meza mara tatu, polepole, kwa sababu babu alitembea kwa shida na mtoto alitaka kukimbia. Walipofika kwenye meko babu alilimwagia gogo divai tamu iliyopikwa, mara tatu, kisha akasema maneno ya Kiprovence ambayo wote waliyajua kwa moyo: Mungu atujalie kuuona mwaka ujao, na kama hatutakuwa wengi zaidi, basi tusiwe wachache zaidi. Gogo likatiwa motoni. Desturi hiyo huitwa cacho-fio, na ndiyo iliyo hai nyuma ya ile keki ya gogo inayouzwa nchi nzima. Mama wa nyumba alinibana mkono chini ya meza, kwa sababu kiti cha mumewe kilikuwa kimebaki wazi tangu Machi.

Baada ya misa watu hurudi kwenye meza ile ile na kukuta tamutamu 13, kwa hesabu ya Yesu na mitume wake 12. Desturi ya kuweka tamutamu nyingi ni ya zamani, lakini hesabu kamili ya 13 ilienea katika miaka ya 1920, na kila kijiji kina orodha yake. Usishindane na mwenyeji kuhusu ya kumi na moja ni ipi. Hazikosekani zile zinazoitwa ombaomba wanne, yaani tini kavu, lozi, zabibu kavu na jozi au njugu za hazel, ambazo rangi zake hufananishwa na kanzu za mashirika manne ya watawa walioishi kwa sadaka. Zipo tende, kwa kumbukumbu ya Mashariki alikotoka Kristo. Zipo nuga nyeupe na nyeusi, na hii nyeusi, lozi zilizogandishwa katika asali iliyoungua, mtu wa kwetu ataitambua mara moja kuwa ni jamaa ya kashata. Yapo machungwa, tikiti la majira ya baridi, matunda yaliyoivishwa katika sukari, na calissons za Aix, tamutamu za lozi zenye umbo la jani. Katikati hukaa pompe à l'huile, mkate bapa wa mafuta ya zeituni na maji ya maua ya mchungwa. Mkate huu humegwa kwa mkono na haukatwi kwa kisu, kwa kuwa anayeukata, husemwa, atafilisika mwaka huo. Kila mtu hutakiwa kuonja kila kitu, na vyote hubaki mezani siku tatu, kwa ajili ya yeyote atakayeingia.

Kwa nani, wapi

Mwenye watoto wadogo aende Alsace, na aende mwanzoni mwa Desemba, karibu na tarehe 6, wala asingoje wiki ya sikukuu. Kwa mtoto, kumwona Mtakatifu Nikolao akipita na kisha kumla mtu wa mkate ni jambo litakalokaa kichwani. Meza inayochukua muda wa saa nne, yenye konokono na dengu, si kwa ajili yake, isipokuwa ana binamu wa kucheza nao chini ya meza. Treni ya kasi kutoka Paris hufika Strasbourg kwa muda usiofika saa mbili, na Marseille kwa saa tatu na kitu. Hata hivyo ni lazima niseme wazi kuhusu gharama na umati. Vyumba vya Strasbourg hukodishwa miezi mingi kabla, bei hupanda sana katika wiki za soko, mikoba hukaguliwa unapoingia katikati ya mji, na Jumamosi alasiri watu husongamana kiasi kwamba mwenye kigari cha mtoto hawezi kugeuka. Lala mji mdogo ulio kwenye reli, kama Sélestat, uingie Strasbourg asubuhi ya siku ya kazi. Na usifike jioni ya tarehe 24 ukitarajia shamrashamra: vibanda hufungwa mapema na watu huenda makwao. Rafiki yangu mmoja alifanya kosa hilo, akaishia kula mkate wa kituo cha treni peke yake, na hadi leo husema Alsace haina Noeli.

Kuhusu miiko ya chakula, Provence inashinda bila ubishi. Vyakula vingi vya kibandani Alsace vina nguruwe, ama soseji za kwenye kabichi chachu ama vipande vya mafuta juu ya mkate mwembamba wa krimu, na pombe ya matunda hutiwa hata katika berawecka nyingi. Meza ya mkesha ya Provence haina nyama ya aina yoyote, na ile divai iliyopikwa hupishwa bila maelezo mengi. Nimekaa kwenye meza hiyo pamoja na dada Mwislamu kutoka Mombasa aliyeolewa huko, naye alikula sahani tano kati ya saba bila kuuliza swali.

Upande wa ibada mizani inalingana zaidi kuliko watu wanavyodhani. Alsace ina Wakatoliki na Walutheri waliokaa pamoja kwa karne nyingi, na msharika wa KKKT atakayeingia katika kanisa la Saint-Thomas mjini Strasbourg atazitambua nyimbo nyingi kwa tuni zake, hata kama maneno yanampita. Provence nayo ina jambo ambalo sijaliona kwingine: katika misa ya usiku wa manane ya Les Baux-de-Provence na ya Allauch, wachungaji wa kondoo halisi huleta mwanakondoo hai mbele ya altare. Anayetaka nafasi ya kukaa awahi sana.

Mwenye siku chache za likizo akumbuke pia kwamba Alsace, pamoja na eneo jirani la Moselle, hupumzika tarehe 26 Desemba, siku ya Mtakatifu Stefano, kwa sheria iliyobaki tangu mkoa ulipokuwa chini ya Ujerumani kati ya 1871 na 1918. Sehemu nyingine za Ufaransa hurudi kazini siku hiyo.

Na kama huna mwenyeji Provence? Basi usiende kwa ajili ya tarehe 24. Nenda wiki mbili kabla, uone santons, ununue ravi wako, ule pompe ya asubuhi katika duka la mkate, na kama unaufahamu mji, uulizie parokia inayoandaa gros souper ya pamoja; baadhi ya vijiji hufanya hivyo, na mgeni hupokewa.

Mikoa mingine nitaitaja kwa kupita tu. Nancy, katika Lorraine, humfanyia Mtakatifu Nikolao maandamano makubwa kuliko ya Alsace. Kaskazini, mpakani na Ubelgiji, huoka mkate mtamu uitwao coquille, wenye umbo la mtoto mchanga aliyefungwa nguo. Lyon huwasha taa madirishani tarehe 8 Desemba, desturi ya tangu 1852, na ni nzuri sana, ila ni sikukuu ya Bikira Maria wala si ya Noeli.

Réunion, kisiwa cha Bahari ya Hindi, ni habari nyingine, nayo ni Ufaransa vile vile. Huko Noeli ni ya majira ya joto, letchi huuzwa kwa vichala barabarani, familia hupika mbuzi wa masala na kuoka pâté créole yenye nyama, na mti unaochanua mwekundu kila upande ni ule ule tunaouita mkrismasi Tanzania, ambao asili yake ni Madagaska. Siku tano kabla, tarehe 20 Desemba, kisiwa hukumbuka kukomeshwa kwa utumwa mwaka 1848, na ngoma ya maloya hupigwa hadi alfajiri. Sisi tuna sababu ya kuisikiliza ngoma hiyo kwa makini, kwa kuwa mwaka 1776 Mfaransa Morice alifunga mkataba na Sultani wa Kilwa wa kuuziwa watumwa 1,000 kila mwaka kwa ajili ya visiwa vya Wafaransa vya Bahari ya Hindi. Mwenye nauli, na asiyependa baridi, asikisahau kisiwa hiki.

Mwaka huu binamu yangu wa Antwerp, mwenye watoto wawili na bajeti ndogo, ameniuliza tena. Nimemwandikia asichague. Tarehe 4 Desemba aoteshe ngano kwenye visahani vitatu nyumbani kwake; mwisho wa wiki unaofuata awapeleke watoto Sélestat na Strasbourg kwa usiku mmoja; na tarehe 24 atandike meza yake mwenyewe huko huko Antwerp, kwa kuwa tini, tende, lozi na zabibu zimejaa katika maduka ya Wamoroko mtaani kwake, na morue ipo kwa Wareno. Samaki huyo achaguliwe mnono wa mgongoni, aanze kulowekwa asubuhi ya tarehe 22, ngozi ikitazama juu ili chumvi ishuke chini, na maji yabadilishwe angalau mara nne, kama tunavyomfanyia ng'onda aliyekaa sana juani. Wamealikwa tisa. Nimemwambia aweke sahani kumi.